Kikombe cha Dovie

Jumamosi ile ya Agosti mwaka 1957, wanawake kumi na wanne walikuwa wameinama kwenye makaburi ya Bondeni tangu alfajiri, wakifagia kama watu wanaongoja kuletewa posa. Jua lilipopanda, magunia yalikuwa yameshajaa. Ndani mlikuwa na vikombe, sahani, taa za chemni, chupa za dawa, makombe ya baharini, na saa moja ya mezani ambayo mishale yake ilisimamishwa palepale mwenyewe alipokata roho. Vyote vilikuwa vimevunjwa au kutobolewa kwa makusudi. Kwa watu wa Bondeni, marehemu huwekewa juu ya kaburi kitu alichokitumia mwisho, na kitu hicho huvunjwa ili kifo kikatikie hapo, kisirudi nyumbani kumchukua mwingine.

Aliyewaongoza ni Ozella Rainey, mjane wa miaka arobaini na mbili, mkuu wa akina mama wa kanisa, mpishi na mfuaji katika nyumba ya wazungu kule Mlimani. Akishika ufagio hana mchezo.

"Chukueni kila kitu," alisema. "Mchungaji kasema Jumatatu kisionekane hata kigae."

"Mchungaji kazaliwa juzi," alijibu Mama Tempie, mkunga mzee, ambaye alikuwa amekalia ndoo iliyopinduliwa na amekataa kushika ufagio. "Mnawavua watu nguo."

"Mama, wanakuja watu wa jiji. Unataka watuone washamba?"

"Mimi ni mshamba. Nimewazalisha wote hapa kishamba, na sijaona aliyerudi tumboni."

Wanawake walicheka, wakaendelea kuokota.

Jiji la Delphine lilikuwa linakua. Lilikua kwa pamba, likakua kwa viwanda vya nguo, likakua kwa reli, na kila lilipotaka pa kuweka mguu mpya, mguu ule uliangukia Bondeni. Sasa wakubwa wa jiji walitaka kujenga ukumbi mkubwa, na mbele yake uwanja wa kuegesha magari. Tangazo lililosomwa kanisani lilisema kwamba kila kaburi litakalohesabiwa litahamishiwa ng'ambo ya mto, kwenye makaburi mapya, kwa gharama ya jiji. Mchungaji Pettway, mtu mwema mwenye viatu vinavyong'aa kuliko barabara yake, aliwaambia waumini kwamba wazungu wakikuta vigae watadhani ni jalala. Tusafishe, alisema, waone kwamba pana watu.

Ozella aliliacha kaburi moja hadi mwisho. Lilikuwa la binti yake, Dovie, aliyefariki mwaka 1943 akiwa na miaka sita. Jiwe halikuwapo. Makaburi mengi ya Bondeni hayakuwa na jiwe, maana jiwe ni la wenye uwezo. Lakini Ozella hakuhitaji jiwe. Juu ya Bondeni lilisimama tangi la maji la jiji, jeusi, kwenye miguu minne ya chuma, na nyuma yake, mbali, ulionekana mnara wa mahakama wenye saa. Ukisimama kichwani pa Dovie, tangi linaifunika saa ile kabisa. Ukisogea hatua moja huku au kule, saa inachungulia.

Tangi lile halikuwahi kuiletea Bondeni hata tone. Bomba lilipita juu ya vichwa vyao likaenda viwandani na Mlimani, wao wakaendelea na kisima kilichokuwa kwenye mteremko, chini ya vyoo. Dovie alishikwa na homa ya matumbo. Daktari hakuvuka reli kuja upande wa weusi. Siku ya mwisho mtoto alikuwa na neno moja tu, "Mama, maji," na Mama Tempie alikuwa amekataza asipewe maji ya kisima, na maji mengine hayakuwapo. Ozella alikishika tu kikombe kitupu cha mtoto, cha udongo mweupe na ukingo wa buluu, mpaka mkono ulipokufa ganzi.

Siku ya mazishi Mama Tempie alimpa jiwe akivunje. Ozella aliliinua, akaliteremsha. Akakiweka kikombe kizima juu ya udongo mbichi.

"Kivunje, na uzito utakutoka kifuani. Kizima kinamwita arudi," Mama Tempie alimwambia. "Hatakwenda."

"Basi asiende."

Sasa, miaka kumi na minne baadaye, alikiokota, akakipangusa kwa aproni, na hakukitia guniani. Alikipeleka nyumbani akakiweka kwenye rafu ya jikoni. Alijiambia kwamba atakirudisha wakubwa wakishaondoka.

Jumatatu alifika kijana mmoja wa ofisi ya ramani, Bwana Tolliver, na mafungu ya vijiti vilivyofungwa vitambaa vyekundu. Alikuwa mpole. Alivua kofia alipoingia makaburini, jambo ambalo wengi hawakulitarajia, akasema hajapata kuona mahali pa weusi pasafi namna ile. Mchungaji Pettway aliinamisha kichwa kwa furaha. Kijana alipita safu kwa safu, na kila penye jiwe alichomeka kijiti. Pasipo na jiwe alipita tu, kama mtu anayepita kwenye majani.

Alipolikaribia kaburi la Dovie alimkuta Ozella amesimama hapo.

"Nipishe kidogo, shangazi." Wazungu wa kule huwaita hivyo wanawake weusi wote, ili wasilazimike kuwaita bibi.

"Umepasahau hapa, bwana. Hapa pana mtu."

"Jiwe liko wapi?"

"Hapana jiwe. Palikuwa na kikombe."

"Kikombe."

"Cha ukingo wa buluu. Tulitoa vitu vyote juzi ili mkute pasafi. Nipe robo saa nikakilete."

Tolliver alifuta jasho, na ilionekana kwamba anamhurumia kweli. "Shangazi, mtu yeyote anaweza kuleta kikombe. Mimi naandika ninachokiona. Una cheti cha kifo?"

"Daktari hakuja, bwana. Nani angekiandika?"

"Basi lete barua ya mtu anayejulikana. Mtu wa hadhi. Akisema anajua kwamba mtoto kazikwa hapa, nitachomeka kijiti. Nafunga hesabu Ijumaa."

Ozella alitazama nyuma. Mchungaji alikuwa hapo, Mama Tempie alikuwa hapo, na wanawake wote walioimba siku ya mazishi walikuwa hapo. Hakuna hata mmoja aliyekuwa mtu anayejulikana.

Siku ile ile alikwenda Mlimani kwa Bibi Corinne Haskell, aliyemtumikia miaka kumi na minane. Bibi alikuwa akipanga maua. Kikombe kile kilitoka kwake, kutoka seti iliyopungua. Alimsikiliza Ozella hadi mwisho, na macho yakamlengalenga machozi.

"Namkumbuka sana. Si ndiye aliyekuwa akikaa pale kwenye ngazi za jikoni na kula maganda ya matofaa? Maskini. Nitamwambia Bwana leo leo."

Bwana Haskell alikuwa kwenye kamati ya ukumbi. Jumatano alimwita Ozella barazani, jambo geni, akamwambia akae, jambo geni zaidi. Ozella alibaki amesimama.

"Ozella, wewe ni kama mtu wa nyumba hii. Kwa hiyo nitakueleza kama mtu mzima. Nikiandika barua moja, kesho nitatakiwa kuandika mia mbili. Tutafukua hadi majira ya baridi tukitafuta watu wasio na jina. Wajenzi hawangoji."

"Mimi naomba ya mmoja, bwana. Jina analo."

"Na mwenzio atasemaje ukipewa wewe akanyimwa yeye? Haitakuwa haki." Alichukua karatasi mezani. "Na mchungaji wenu mwenyewe ametia saini. Anasema wakazi wamesafisha eneo lote kwa hiari. Kazi nzuri. Kamati imewapongeza."

Ozella hakusoma sana, lakini herufi alizijua, na karatasi ilikuwa imegeukia upande wake. *Makaburi: 61. Takataka: zimeondolewa na wakazi.*

"Bwana, Dovie mnamfahamu. Alikuwa akicheza hapa na Bibi mdogo, binti yenu."

"Ndiyo maana linaniuma," Bwana Haskell alisema, na labda lilimuuma. "Chakula kikiwa tayari tuite."

Wahenga wetu walisema, asiyekuwepo na lake halipo. Ozella alikaanga kuku, akapika mboga, akaoka mkate wa mahindi, na hakuna kilichoungua. Alijichukia kwa hilo muda mrefu kuliko kwa mambo mengine yote. Jioni alipita kwa Mchungaji Pettway, akamkuta amekaa ofisini amevaa koti lake, ingawa joto lilikuwa kali.

"Sikujua wangehesabu mawe tu," alisema Mchungaji. "Nilitaka tuonekane watu, dada Ozella."

"Tumeonekana safi, Mchungaji."

Oktoba makaburi sitini na moja yenye vijiti yalifukuliwa. Wiki iliyofuata ziliingia mashine. Watu wa Bondeni walisimama ng'ambo ya reli wakitazama, na Mama Tempie akataja kwa sauti majina ya waliobaki ardhini, moja baada ya jingine, kwa mpangilio aliowazalisha, mpaka askari alipokuja akamwambia anyamaze. Mkunga huyo alifariki Februari, kwenye ghorofa ya tatu ya jengo la jiji walikohamishiwa watu wa Bondeni nyumba zao zilipobomolewa, na kwa mara ya kwanza hakuna aliyejua pa kuweka kitu chake cha mwisho.

Katika chumba chake kipya Ozella alikuwa na bomba. Lilikuwa ndani kabisa, juu ya sinki, na maji yalitoka asubuhi na jioni. Kikombe kilikuwa kwenye rafu juu ya bomba lile. Ilianza mchana mmoja, wiki chache tu baada ya kuhama, alipokuwa akikamua nguo.

"Mama, maji."

Aligeuka kwa haraka, kama anavyogeuka mzazi yeyote. Hapakuwa na mtu. Alifungua bomba, akajaza kikombe, akakiweka mezani, akajiona mjinga. Kesho yake maji yalikuwa nusu. Joto hukausha maji, alijiambia, ingawa ilikuwa Novemba. Tangu siku ile kila alikokwenda alikibeba kikombe mkobani, kimefungwa kitambaa, kwa sababu hakujua mtoto angempata vipi kwenye ghorofa ya tatu. Hakumwambia mtu. Watu wangesema ni uchungu, na uchungu alikuwa nao, lakini uchungu hauna sauti ya miaka sita yenye kikohozi kidogo mwishoni.

Ukumbi ulifunguliwa Aprili 1959. Weusi hawakualikwa, ila waliokuja kushika watoto. Bibi Haskell alimvalisha Ozella aproni mpya na kumpakatisha mjukuu wake wa miaka miwili, na Bwana Haskell akaendesha mwenyewe, akiimba chinichini. Uwanja wa magari ulikuwa mweusi, laini, umepigwa mistari myeupe iliyonyooka. Ghala la pamba la Bondeni halikuwapo, kanisa halikuwapo, mwerezi mkubwa wa makaburini haukuwapo. Ozella hakujua yuko wapi mpaka aliposhuka na kuinua macho.

Tangi lilikuwa palepale. Nyuma yake aliona mnara wa mahakama, na saa ilikuwa imechungulia nusu. Alisogea hatua moja, mtoto begani. Saa ikazama.

Alikuwa amesimama nyuma ya gari, kando ya gurudumu la nyuma.

"Ozella, unangoja nini? Bendi imeanza."

"Kiatu, bibi. Nakifunga."

Alipiga goti. Lami ilikuwa na joto kama paji la uso la mgonjwa. Alikitoa kikombe kitambaani, akakiweka chini, sawa kabisa na mahali alipokitoa, kizima, na ukingo wake wa buluu juu. Midomo ilitaka kusema kitu, ikasema tu jina. Kisha akainuka akawafuata.

Ndani kulikuwa na hotuba. Mzungumzaji mmoja alisema kwamba hapa hapakuwa na kitu. Watu walipiga makofi, na mtoto naye akapiga, viganja vyake vidogo vikigonga shavu la Ozella.

Walipotoka Bibi alikuwa amechoka na Bwana alikuwa na haraka. Ozella alitangulia ili akiokote, lakini Bibi alimwita afungue mlango, kisha amfunike mtoto blanketi, kisha aingie upesi, na injini ikawa tayari inanguruma.

"Bwana, ngoja kidogo—"

Gari lilirudi nyuma. Chini ya gurudumu kililia kitu kidogo, kikavu, mara moja.

Bwana Haskell alikanyaga breki. "Nini hicho?"

Ozella alichungulia dirishani. Vigae vyeupe vilikuwa vimetapakaa kwenye lami, na kimoja kilikuwa na ukingo wa buluu. Kikombe kilikuwa kimevunjika kama inavyotakiwa, kwa pigo moja, kama ambavyo yeye mwenyewe angefanya miaka kumi na sita iliyopita lau angekuwa na moyo.

"Nimeuliza, tumekanyaga nini?"

"Takataka tu, bwana."

Bwana Haskell aliendelea. Gari lilikata kona, na saa ya mahakama ikatoka nyuma ya tangi, kubwa, nyeupe, ikaonyesha saa tisa na robo. Ozella aliegemea kiti, akangoja kitu fulani kimtoke kifuani, kama Mama Tempie alivyoahidi. Imekwisha, alijiambia. Sasa nenda, mwanangu.

"Mama, maji."

Alimtazama mtoto aliyekuwa mapajani mwake. Alikuwa amelala fofofo.