Mashine Iliyouliza Kila Asubuhi

Kidole gumba cha mama kilifika kwenye kitufe kabla macho yake hayajamaliza mstari. Maandishi kwenye runinga yalikuwa yale yale ya jana na juzi: Mchezo haujasakinishwa. Usakinishwe sasa? Neno Ndiyo lilikuwa limezungushiwa mwanga; Hapana lilikaa kando gizani, kama mgeni ambaye hajaambiwa karibu. Chini kabisa, kwa herufi ndogo kama chawa, paliandikwa: Kumbukumbu za awali zitafutwa. Mstari huo mama aliusoma siku ya kwanza, akaukokota silabi kwa silabi kama alivyofundishwa darasani zamani, akafarijika. Mashine itazitafuta kumbukumbu za mwanawe. Tangu siku hiyo hakuusoma tena. Mtu akishakuahidi jambo jema, humwambii arudie.

Akabonyeza Ndiyo. Utepe wa kijani ukaanza kutambaa. Pembeni yake namba ikasema dakika arobaini na moja.

"Imeanza," alisema kwa uchangamfu wa kujilazimisha. "Kidogo tu, mwanangu. Leo itakubali."

Binti yake aliketi kwenye kiti cha mbao chenye mito miwili, mkono wa kulia umelala mapajani kama kifurushi alichoombwa amshikie mtu.

Karakanani walimbandika jina la Sindano. Alikuwa mwembamba, hilo kweli, lakini jina halikutoka kwenye umbo. Lilitoka kwenye kazi: hapakuwa na hitilafu ya cherehani, hata ijifiche vipi, ambayo hakuipenya. Miezi mitano nyuma aliteleza ngazini akiwa amebeba kichwa cha cherehani ya umeme. Wenzake walisimulia kwamba alikikumbatia kichwa kile mpaka chini, kikafika bila mkwaruzo. Chake ndicho kilichopiga ukingo wa ngazi. Alipozinduka, upande wa kulia ulikuwa umelegea, na maneno yalimjia moja moja, kwa kuchelewa, kana kwamba kila moja linatoka mbali na kwa miguu.

Basi mama akalijaza pengo. Mtu akiuliza, "Unajisikiaje, Sindano?" mama alijibu, "Hajambo, anaendelea." Akiulizwa kama atakunywa chai, mama alisema ataongezewa maziwa. Alifanya hivyo kwa mapenzi, na wenye watoto wanajua: mapenzi ya mama hayana breki. Hakuona kwamba kila neno alilomtangulia mwanawe lilikuwa neno moja ambalo mwanawe hakulitembeza.

Mashine ile kongwe ya gemu waliazimwa na mtaalamu wa viungo, msichana mpole mwenye daftari lisilo na mchezo. Mgonjwa hushika rimoti nono, hubana na kuachia, akidaka mipira ya rangi inayoshuka kwenye runinga. Mashine yenyewe ndiyo inayohesabu siku. "Nitapita Ijumaa ya wiki ijayo," alisema mtaalamu. "Nikikuta siku zimejaa, mashine inabaki. Nikikuta hazipo, Mama, nisamehe, kuna watu kumi na wanne wanaingoja, na mkono nao haungoji. Miezi ya mwanzo ndiyo udongo mbichi."

Leo ilikuwa Jumanne ya wiki aliyoitaja. Siku tisa walikuwa wamekaa mbele ya runinga, na siku zote mashine iliandika kitu kimoja: Siku ya kwanza. Mama aliingia kazini kwa dobi saa sita. Kila siku utepe wa kijani ulipofika mwisho, shingo ya Sindano ilikuwa imeshachoka. Alibana mara chache, rimoti ikamponyoka, akageukia ukuta.

Leo utepe haujafika nusu, mlango ukagongwa. Aliyeingia ni shangazi, dada wa marehemu baba yake Sindano, mwanamke aliyetanguliwa na mdomo wake kila alikokwenda.

"Wifi, bado mnaitazama hii?" alisema, akajitupa kwenye kochi. "Mashine gani inayoposa kila asubuhi na kudai talaka kila jioni?"

Pembe ya mdomo wa Sindano ikatikisika. Mama hakuiona, shangazi aliiona.

"We fundi," akamgeukia, "umeitazama lakini?"

"Aa, wifi, ataiweza wapi," mama alisema. "Kichwa bado hakijatulia. Tusimchoshe."

"Nimemuuliza yeye."

Mama alisikia friji ikinguruma, akahisi jibu jingine likimpanda kooni, lakini jicho la wifi yake lilikuwa limemkalia usoni kama pasi ya moto.

"Sija..." Sindano alianza. Akapumua. Akaanza upya. "Sijaulizwa."

Siku hiyo alishika rimoti dakika kumi, asigeukie ukuta. Mama alipiga pasi mashati mpaka jioni, neno lile likimzunguka kichwani kama nzi.

Jumatano asubuhi alikuta kiti kimeshasogezwa karibu na runinga, na kwenye stuli kuna penseli na karatasi.

"Mama. Fanya... kama kila siku."

"Nifanye nini, mwanangu? Unataka maji? Umechoka?"

Sindano akainua mkono wa kushoto, kiganja wazi, kama polisi wa barabarani. "Yote. Fanya... yote."

Mama akafanya. Zamani aliwahi kupeleka chakula karakanani akamkuta mwanawe amekaa mbele ya cherehani inayokata uzi, hagusi kitu, anamwambia mshonaji ashone tu, ukatike, ashone tena, ukatike tena. Alimwona mvivu siku ile. Sasa macho yale yale yalikuwa yakimfuata yeye, tulivu, yasiyopepesa, na mama akaona haya kidogo, kama mtu anayetazamwa akisali.

Alichomeka waya kwenye soketi. Akawasha swichi. Akawasha mashine. Akasubiri taa yake itulie. Kisha akafungua kopo la vifungo, akatoa kidude cheusi kirefu kama kidole cha mtoto, akakipachika nyuma ya mashine. Tayari maandishi meupe yalikuwa yameshatokea. Kidole gumba kikaelekea kwenye Ndiyo.

"Ngoja."

Kidole kikaganda hewani.

Sindano akachukua rimoti kwa mkono wa kushoto, akasogeza mwanga mpaka kwenye Hapana, akabonyeza. Mama alifumba macho. Alipofumbua, runinga ilikuwa nzima, nyumba ilikuwa nzima, na skrini ilikuwa imerudi ilikotoka, haina kinyongo. Binti yake alikuwa anacheka. Kilikuwa kicheko kilichopinda upande mmoja, lakini kilikuwa kicheko.

"Haikukasirika," mama alinong'ona.

"Ni... mashine, Mama."

Kisha akaiita tena ile meseji, akanyoosha kidole kwenye herufi za chini. Akazisoma kwa sauti, polepole, na kwa mara ya kwanza mama na mwana walikuwa na mwendo mmoja wa kusoma.

"Ndiyo, zitatafutwa," mama alisema. "Hilo najua. Ndiyo maana nakubali kila siku, izitafute."

Sindano akamtazama. Akatikisa kichwa. Akaweka kiganja cha kushoto mezani, akakipitisha juu ya vumbi jembamba, mpaka mbao ikang'aa.

"Si kutafuta, Mama. Ku... futa."

Mama akakaa chini palepale, kwenye mkeka. Silabi moja! Tangu siku ya pili, mara nane amefuta jasho la mwanawe, kwa kidole chake mwenyewe, tena akishukuru. Alitamani angelaumiwa. Angalau lawama ina pa kushikia. Lakini Sindano alikuwa ameshainamia karatasi, akichora kwa mkono usiozoea penseli mistari iliyoyumba kama kuku mlevi. Fundi hana muda wa kuuliza nani. Ana muda wa kuuliza wapi.

"Hiki," akasema, akionyesha kidude cheusi. "Unakitoa... lini?"

"Kila jioni. Kama pasi, kama redio. Yule mwenzangu wa kwa dobi si aliunguza chumba kwa pasi aliyoisahau? Kilichochomekwa nikichomoe, ndiyo nipate usingizi."

"Na unarudisha... baada ya kuwasha."

"Umeme utulie kwanza! Friji si tunafanya hivyo hivyo? Usikirupushe kitu wakati umeme ndiyo kwanza unaingia."

Sindano akatabasamu, akatafuta neno, akalipata. "Hiki ni flashi. Mchezo... unaishi humu. Inaamka... haiuoni. Inauliza."

Mama akaelewa, na alivyoelewa ndivyo alivyoingiwa na baridi. Mashine ile haikuwa na kosa hata moja. Iliamka kila asubuhi ikakuta kumbukumbu yake imetolewa, ikauliza kwa adabu, ikajibiwa kwa pupa.

Wakazima. Flashi ikabaki mahali pake. Wakawasha. Hakuna swali: runinga ikafunguka moja kwa moja, mipira ya rangi ikaanza kudunda, na juu yake yakaandikwa maneno ambayo mama hakuwahi kuyaona. Siku ya pili.

Alipiga kigelegele mpaka jirani akachungulia dirishani. Lakini Sindano alishazima mashine, akaichomoa flashi, na kuwasha tena. Swali likarudi.

"Hee! Mbona unaiharibu tena? Si imeshapona?"

"Hapana," Sindano aliibonyezea mashine, kisha akamgeukia mama. Safari hii maneno yalikuja yamesimama wima, moja nyuma ya jingine. "Ugonjwa... ukiuita... ukaja... basi unaujua. Ukiondoka tu wenyewe... utarudi."

Miezi mitano mama amekuwa akikililia kichwa cha mwanawe kana kwamba kilibaki ngazini. Kumbe kilikuwepo chote, na taa zake zote zinawaka; kilikuwa kinangojea zamu yake ya kusema katika nyumba ambayo mtu mmoja alikuwa amezishika zamu zote. Alimtazama akirudisha flashi, akiandika, akirudia mara ya tatu ili asibaki na shaka, na moyo wake ukajaa kitu ambacho huwapata watu mbele ya fundi wa kweli, awe mtoto wao au wa mwenzao. Aliogopa hata kuvuta pumzi kwa sauti.

Ijumaa mtaalamu wa viungo alifika saa nne kamili, daftari kwapani. Aliwasha mashine, akatazama, na uso wake ukapoa.

"Siku tatu zilizotimia," alisema. "Tatu tu?"

Maelezo yote yalimjaa mama mdomoni: flashi, dobi, friji, silabi, wifi. Yalisukumana mlangoni kama watu wanaokimbia mvua. Alimtazama Sindano, akauma ulimi hasa, mpaka ukauma.

Mtaalamu akamtupia mama jicho akitegemea jibu, kama watu wote walivyozoea. Mama akatazama sakafu.

"Tatu... kwenye mashine," Sindano alisema. "Kumi na moja..." Akainua mkono wa kulia kutoka mapajani. Ulipanda ukitetemeka, ukasimama mbele ya kifua cha yule msichana. "Kumi na moja, mkononi."

Mtaalamu akatia vidole vyake viwili ndani ya kiganja kile. "Minya."

Mama hakuona kitu. Mgongo wa mtaalamu ulimkinga. Alichosikia ni neno, "Tena," na baadaye kidogo, kwa sauti iliyobadilika, "Tena."

Yule msichana akavuta stuli, akakaa, akafungua daftari. Alizungumza na Sindano, si na mama. "Mashine nitaiacha. Lakini niambie wewe mwenyewe: unataka mpaka lini?"

Neno lilichukua muda. Nje mtu alipita akiburuta mkokoteni, ukaja, ukafika, ukatokomea, na neno bado.

"Wiki mbili," Sindano alisema. "Halafu... nirudi. Karakanani. Kwenye cherehani."

Ngazi zile ziliinuka kichwani mwa mama, ngazi moja moja, na ukingo wa ile ya mwisho. Binti yake alikuwa amegeuka kwenye kiti chake, anamtazama kwa macho yale yasiyopepesa.

"Mama. Wewe... unasemaje?"

Mama akafungua mdomo. Hamkuwa na kitu ndani. Akajifuta viganja kwenye kanga, akatafuta, akapoteza, akatafuta tena. Na Sindano, mkono wa kulia umekaa mezani karibu na mkono wa mama, hakumsaidia hata kwa neno moja. Alimngoja.