Magari Yaliyokonda

Magari yetu yalikonda kabla ya kufa. Yalikuwa magari ya katuni, yaliyoruka hadi mwezini na kurushiana moto, na kila Jumamosi vita vilipopamba moto kingo za picha kwenye televisheni zilianza kusogea ndani, mpaka lori kubwa likabaki jembamba kama ufito. Mimi na kaka yangu Muli tuliamini kwamba adui alikuwa akiubana ulimwengu.

“Nzilani, kimbia uite Baba!” Muli alikuwa akipiga kelele. “Wanatubana!”

Nami nilikimbia, mdogo hana budi. Baba alikuja na udongo wa shamba miguuni, akatazama, akasema, “Zimeni. Mniachie ya habari.” Nilikuwa darasa la tano nilipofahamu kuwa ilikuwa betri tu, ile ya gari iliyokaa chini ya meza, ikiisha nguvu na kuibana picha, na Baba alitaka inayobaki itoshe taarifa ya habari. Mwisho wa vita hatukuuona hata siku moja.

Mwezi uliopita pikipiki ilimwangusha Muli huko Masinga, akagonga kichwa. Sasa amerudi nyumbani, Katelembo, na hanijui. Anakaa kwenye benchi alilolichonga mwenyewe, ananiuliza kwa adabu, “Daktari, nitaenda nyumbani lini?” Mkewe, Wavinya, naye huniangalia kana kwamba mimi ndiye niliyeficha jibu.

“Hospitali walisema tumuonyeshe vitu vya zamani,” Wavinya aliniambia. “Mimi nimemaliza vyangu. Wewe hauna kitu?”

Nilimletea Muli kofia ya Baba. Nilimletea picha za shule. Alinishukuru kwa vyote, akavirudisha. Ndipo nikaitafuta ile katuni kwenye simu, nikaipata, na badala ya kufurahi nikahisi nimeibiwa. Ilikuwa na rangi! Lori tulilogombania utoto mzima katika ile televisheni isiyo na rangi, mimi nikiapa ni jekundu na Muli akiapa ni la kijani, lilikuwa la manjano.

Nilimwekea simu mbele ya macho. Akatazama kidogo.

“Sio hii.”

“Ni hii, Muli. Angalia vizuri.”

“Hii ni ya watu wengine.”

Nikachanganyikiwa. Mgonjwa alikuwa yeye, lakini hata mimi sikuitambua. Ilikuwa pana mno, safi mno. Bila kufikiri sana nikaziba kioo pande mbili kwa viganja, nikavisogeza polepole. Lori likaanza kukonda.

Muli akanidaka mkono.

“Nzilani! Kimbia uite Baba! Wanatubana!”

Wavinya aliketi chini palepale. Jina langu lilikuwa limetoka kinywani mwa Muli, jina nililoliomba mwezi mzima, na bado sikujua ni Nzilani yupi anayemwona, huyu mwenye mvi au yule wa kaptura. Nilitaka kumwambia kwamba Baba alishafariki. Niliogopa kwamba nikilisema hilo ataniita daktari tena.

Nikatoka mbio. Nikazunguka nyuma ya nyumba, tulipomzika Baba, nikasimama pale nikihema na kulia kama mtoto mjinga. Kisha nikarudi.

“Amesemaje?” Muli akauliza.

“Amesema leo tutazame mpaka mwisho.”

Akanitazama, akionekana haamini. Kisha akasogea kwenye benchi, akaniachia nafasi.