Sauti ya Kusumalatha

Saa tatu na dakika kumi na saba asubuhi, Kusumalatha alikuwa akikuna nazi jikoni kwake, mjini Ragama, pale sauti yake ilipotoka. Koo halikumuuma. Sauti ilivaa ndara mlangoni, ikaenda kituo cha basi.

Hakushtuka, alishuku tu. Hiyo ndiyo dakika ya heri aliyoichagua mnajimu, taa ya mafuta iwashwe studio na filamu ya zamani ianze kupigwa upya. Wiki moja kabla, Tissera, mwana wa mwenye filamu ile ya kwanza, alikuwa amempigia magoti na fungu la majani ya tambuu.

"Nipe baraka, mama."

"Safari hii jina langu litaandikwa?"

"Pokea kwanza, mama. Mikono inachoka."

Miaka hamsini nyuma nyimbo zote saba za filamu ile aliziimba yeye, nyuma ya pazia. Santuri zikaandikwa Malkanthi, mama yake Tissera, ambaye kazi yake ilikuwa kuchezesha midomo mbele ya kamera. Malkanthi sasa ni marehemu, lakini hila za ukoo ule Kusumalatha alizijua. Ila tambuu ya baraka hairudishwi, na anayeipokea amekwisha kuridhia. Mikono yake ilipokea kabla kichwa hakijaamua.

Nilmini, binti yake, alimkuta bubu. "Imeenda studio? Afadhali, leo nitasikiliza redio kwa amani."

Jioni sauti ilirudi ikinuka poda. Kusumalatha akaihoji papo hapo.

"Wamekuuliza jina?"

"Wamenipa chai ya tangawizi," ikajibu, kwa mdomo uleule.

"Nimekuuliza jina, sikukuuliza chai!"

Kesho yake ikatoka tena. Siku ya nne akaifuata studio. Fundi mitambo alimwonyesha kiti. "Kaa hapo, bibi, sauti yako iko kazini." Mwigizaji mpya alikuwa akichezesha midomo. Kando ya maikrofoni Tissera aliinama, akainong'oneza sauti jambo, nayo ikacheka kile kicheko cha ujana ambacho Kusumalatha hakuwa amekisikia tangu aolewe. Alirudi nyumbani bila kuisubiri.

Filamu mpya ilipoonyeshwa mara ya kwanza, alikaa safu ya tatu pamoja na Nilmini, akayasoma majina mpaka taa zikawashwa. Mwimbaji: Malkanthi. Herufi zilikuwa kubwa kama sahani. Iliuma kama mara ya kwanza, pengine zaidi.

Nje, msichana mwenye macho mekundu alimshika mkono. "Na wewe umelia, bibi! Unaitwa nani?"

Sauti ilikuwa imekwisha kurudi kooni. Kusumalatha akavuta pumzi. Angalau mtu mmoja angelisikia jina lake.

"Malkanthi," ikasema sauti.

"Kama yule mwimbaji! Wazazi wako walikupa jina zuri."

Akajaribu tena, polepole, silabi kwa silabi. Likatoka jina lilelile. Nilmini akafungua mwavuli.

"Twende, mama. Basi litatuacha."