Mfuko wa Sabuni ya Mzee

…eti sabuni inateleza, hiyo ndiyo sababu aliyoitoa Dastan juzi, mwanamume anayebeba gunia la pamba peke yake mpaka kwenye mzani, alitoka bafuni mikono mitupu akasema, Mama Kija, siwezi kumshika mzee na kushika sabuni, malizia wewe, malizia wewe, kama vile ni ugali uliobaki kwenye sufuria, na Nyanjige alivuta uzi kwa hasira mpaka kitanzi kikakaza, ikabidi akilegeze kwa ncha ya kroshia, haya, nyekundu juu, bluu chini, uzi wa nailoni uliobaki kwenye vitambaa vya makochi, mfuko mdogo tu, sabuni iingie, mdomo ukazwe, halafu kamba ya kuvaa mkononi ili isianguke tena kwenye mchanga, tuone kesho atasingizia nini… pale uani Dastan alikuwa ameegemea magunia, simu mkononi, sauti ameifungulia, dada yake Elina anaongea kutoka Lamadi, "Sasa kaka, mkeo si yupo?", ndiyo, yupo, amekaa barazani anakusikia, wifi yangu, mke huyu ana miaka kumi na minne katika nyumba hii hajawahi kulitamka jina la baba mkwe wake, hajakalia kiti chake, akimwamkia anapiga goti kwa mbali, mwangaluka baba, macho chini, ndivyo alivyofundishwa kwao Shishiyu na ndivyo mama mkwe, marehemu Martha, alivyomkazia siku alipoletwa, na Martha ana wiki tatu tu kaburini, yeye ndiye aliyekuwa akimwogesha mumewe tangu kiharusi kilipomlemaza upande wa kulia, watu wa msiba wamekula wameondoka, na mwenye baba yake anasema malizia wewe… na alikwenda, hilo ndilo linalomchoma, juzi alikwenda, alisukuma mlango wa mabati akamkuta mzee kwenye kiti cha plastiki, povu begani, mkono ulio mzima ukivuta shuka lililolowa ajifunike, halifuniki, na mzee hakumtazama, alisema na ukuta, "Mayu, acha. Nitakaa hivi hivi," mayu, alimwita mama, kwa sauti ile iliyopinda, naye akarudi kinyumenyume akafunga mlango, na tangu juzi mzee hajaguswa na maji, mgongoni ana kidonda, harufu inafika mpaka sebuleni, na Dastan kazi yake ni kufungua madirisha.

"Nitaongea naye," Dastan alisema kwenye simu, "atazoea," azoee nani, mzee azoee kuvuliwa nguo na mkwewe, au mkwe azoee kutazama alichokatazwa hata kukiwaza, mwoga, mwoga mkubwa huyu, anaogopa kumwona baba yake amekuwa mtoto, basi woga wake anaubandika jina la kazi ya wanawake, na kanisani Jumapili atakaa mbele na shati la kupiga pasi, atapokea pole za mama yake, atasema tunamshukuru Mungu, mzee anaendelea vizuri… akahesabu vitanzi vya ile kamba ya mkono, ishirini na mbili, ishirini na nne, akaifunga mduara, akaingiza mkono ajaribu, ikapita vizuri, ikakaa sawasawa kwenye kifundo, na hapo akatulia, mkono hewani, akiutazama. Mkono wake. Imemtosha yeye. Muda wote huu anatukana moyoni, anakataa moyoni, kumbe vidole vimekwisha kukubali, vimepima bila kumwuliza, na kesho angejikuta kule bafuni na mfuko umemkaa barabara, mzee akiulilia ukuta, naye akisugua huku amenuna, kwa sababu ndivyo anavyokubali siku zote, ananuna na anafanya, ananuna na anafanya, na watu humu ndani walishajua kuwa kununa kwake ni ndiyo… hasira ikamgeukia mwenyewe, kali kuliko ile ya kwanza, maana hii hakuwa na wa kumtupia.

Akaivua. Akatafuta ncha, akavuta, kamba yote ikafumuka hadi kwenye mdomo wa mfuko. "Wifi yako hana shida," Dastan alikuwa akisema bila kugeuka, "yupo hapa anafuma vitambaa vyake," na Nyanjige akaanza upya, moja, mbili, tatu, taratibu, hakumtazama, hakuwa na haja, mkono ule anaujua, mpana, kifundo kinene, akaipita ishirini na nne, akaipita thelathini, na kesho hatabishana na mtu, hatanuna hata kidogo, atachemsha maji, atamvalisha mfuko mbele ya mlango wa bafu, atakaza kamba, atasema, baba yako anakusubiri, kisha atashika njia ya shambani aendelee na pamba yake, thelathini na tatu, thelathini na nne, na akiitwa hatasikia, thelathini na tano…