Utani wa Sharifu

Nianze na jambo ambalo Twaha hakulijua, ili na nyinyi msije mkamcheka. Kompyuta aliyokuwa akichezea ilikuwa na programu ya kudanganya. Aliiweka Sharifu, binamu yake, mwenye chumba cha gemu hapa Soni, na hakumwambia. Ukicheza gemu la risasi na programu ile imewashwa, wewe unasogeza mausi kuelekea kwa adui, na kabla hujamfikia, mashine inakumalizia: alama ya shabaha inaruka yenyewe na kutua kichwani pake. Ukiwa na papara ya mchezo huoni kama umesaidiwa. Unaona umelenga vizuri.

Mimi nauza chai na chapati mlango wa pili. Ukuta wetu ni mmoja, wa mbao, na mbao zenyewe zimeachana, kwa hiyo ya kwa Sharifu nayasikia hata nisipotaka. Kwanza nilisikia kelele tu. Baadaye nikaanza kusikia jina.

Twaha ni mtoto wa Rahma, yule anayeuza matunda damu na plamsi pale stendi. Ni kijana mpole, na tangu shule hakuna kilichomwendea sawa. Kabichi zake zilioza shambani mwaka ambao za jirani zilinunuliwa zote. Pikipiki aliyokabidhiwa aliiangusha kwenye kona za kushukia Mombo hata haijaisha wiki. Watu wakamwita Nuksi, mbele yake, naye akawa anaitika. Nadhani kuitika kule ndiko kulikomchakaza zaidi.

Halafu Sharifu akamkalisha kwenye kompyuta ya pembeni, akamwambia, "Hiki ndicho kiti chako, binamu." Na Nuksi akaanza kuwapiga watu. Aliwapiga vijana wa Soni, akawapiga wa Lushoto mjini waliokuja kwa dharau na pikipiki zao, mpaka ikawa jioni watu wanajazana nyuma ya kiti chake na wengine wanasimama huku kwangu na vikombe vya chai wakisubiri nafasi. Biashara ya Sharifu ilinenepa. Siku moja Twaha alikaa kompyuta nyingine, akashindwa vibaya, na Sharifu akamwambia mausi ya pale ni mbovu. Akaamini. Kwa nini asiamini? Mtu aliyekaa maisha yake yote akiambiwa hafai, siku akiambiwa anafaa haulizi ushahidi.

Alibadilika, jamani. Alianza kutembea kichwa juu. Alikuja kunywa chai, mteja mmoja akamwita Nuksi kwa mazoea, na wenzake wakamkemea: "Huyo ni Twaha, mwite jina lake." Twaha akainamia kikombe asionekane anavyotabasamu. Na mama yake! Rahma kompyuta haijui, kule ndani hakuwahi kuingia, lakini stendi nzima ilikuwa inajua kwamba mwanawe ni hodari. Kuna asubuhi aliniuliza kwa siri, "Mama Klara, hivi hao anaowapiga hawaumii?" Nikamwambia hawaumii, ni picha. Akashusha pumzi. "Afadhali. Maana anapiga wengi."

Basi ikaja habari ya Latifa. Huyu ni dada wa Tanga mwenye timu ya wachezaji wa gemu, wanaoishi nyumba moja, wanalishwa, wanalipwa mshahara, wanaenda kushindana hadi Nairobi. Alisema atapanda huku milimani kuangalia vijana, na atashuka na mmoja. Wakati huohuo mzee Bakari, kaka yake Rahma na baba wa huyohuyo Sharifu, alikuwa amemtafutia Twaha kazi ya utingo kwenye lori la mboga la kwenda Dar. Walizungumza pale kwangu, juu ya benchi langu.

"Mjomba, nashukuru sana," Twaha alisema. "Lakini mpe mwingine. Mimi nataka nijifue, yule dada akija anikute niko tayari."

"Una hakika?" mzee aliuliza. "Lori halirudi kukupigia hodi."

"Nina hakika, mjomba."

Sharifu alikuwa amekaa palepale, anakula chapati yangu. Neno moja tu lingetosha. Angeweza kumvuta pembeni akamwambia, binamu, usiache kazi, nilikuwa nakutania. Angeweza hata kuizima ile programu kimyakimya siku ile, mwenzake ajikute anashindwa, ajifunze upya, muda bado ulikuwepo. Alitafuna, akafuta mafuta mdomoni, akasema, "Muache, baba. Huyu ni moto." Nikikumbuka sura yake natamani ile chapati ingemkaba.

Wasiotujua wataniuliza walikuwa na ugomvi gani. Hawakuwa na ugomvi wowote. Kwetu mtoto wa mjomba na mtoto wa shangazi ni watani. Mtani atakupaka masizi siku ya harusi yako, atakaa kwenye kiti chako na kudai mke ni wake, na wewe unacheka. Ukikasirika, mkosaji ni wewe, unatozwa kuku, na kuku akishapokelewa mambo yote yanarudi yalivyokuwa. Asiyehusika haingilii. Mimi utani siuchukii. Tulipomzika baba yangu, watani walilala kaburini wakigoma kutoka mpaka wapewe soda, na mama akacheka kwa mara ya kwanza tangu msiba uanze. Lakini kuna watu hutumia utani kama kichaka: anakutupia jiwe humohumo, ukigeuka anakuuliza kwani hujui kutaniwa?

Latifa alikuja. Nilifunga jiko langu nikaingia na mimi, kwa sababu nilitaka kumwona mtoto wa Rahma akiondoka na heri yake. Chumba kilijaa hadi mlangoni. Sharifu alikuwa ameunganisha kompyuta ya Twaha kwenye televisheni kubwa ukutani ili kila mtu aone. Mpinzani alikuwa Nikodemo, kijana mkimya wa kutoka Rangwi.

Raundi ya kwanza Twaha alimsaga. Nikodemo hakupata hata pa kujificha. Akichungulia tu, chali. Watu walipiga mabenchi. Latifa aliinama akamuuliza Twaha jina lake kamili, na Twaha akalitaja taratibu, lote, mpaka la babu.

Raundi ya pili ilipoanza nilimwona Sharifu kwenye meza yake akibonyeza kitu. Sikuelewa. Niliona tu kwenye televisheni kwamba ile alama ya shabaha inakwenda kwa adui na kusimama kabla haijafika, kila mara, upande mmoja na mwingine, na risasi zinaishia ukutani. Twaha alifuta kiganja kwenye suruali. Akabadilisha namna ya kukaa. Akageuza mausi akaipuliza chini. Nikodemo akampiga, akampiga tena, na chumba kikaanza kunong'ona. Halafu nikasikia lile jina limerudi, kutoka nyuma: "Nuksi kaamka."

Sharifu akapanda juu ya kiti.

"Jamani, tulieni niwaoneshe kitu! Mnadhani huyu anajua kulenga?" Akamwomba kijana mmoja akae mezani kwake abonyeze akiambiwa. "Washa!" Alama ikaruka kichwani mwa adui. "Zima!" Ikabaki njiani. "Washa! Zima! Cheza, binamu, usisimame! Tangu siku ya kwanza nilikuwa nakuwashia mimi!"

Nimeona watu wakicheka maishani, lakini kicheko kile sijapata kukisikia. Watu walishikana mabega. Wale waliowahi kupigwa na Twaha walicheka kuliko wote, maana ndiyo kwanza walikuwa wanapona. Simu zilikuwa juu zinarekodi. Na Twaha, mtoto wa watu, naye alicheka. Ni binamu yake, afanyeje? Alicheka huku mkono wake bado uko kwenye mausi, akatazama televisheni, akamtazama Latifa, na kicheko kikamwishia mdomoni.

"Sikuiweka mimi," alimwambia.

"Najua, kaka. Nimeona."

"Basi nipe nafasi nyingine. Bila hiyo."

Latifa hakuwa mtu mbaya. Alichukua kiti akakaa naye macho kwa macho, na akamwambia ukweli, na ukweli ule ulikuwa mbaya kuliko vicheko. "Kichwa chako ni kizuri sana. Unajua adui atatokea wapi kabla hajatokea, na hilo programu haikufundishi. Lakini mkono wako umezoea kuishia njiani, kwa sababu kila siku mashine ilikuwa inakumalizia. Ungecheza muda wote huu bila hiyo kitu, labda leo ningekuchukua wewe."

"Nitajifunza."

"Utajifunza. Ila mimi naondoka leo, na video wameshairusha. Timu yangu haiwezi kumchukua mtu ambaye watu wamemwona hivi."

Akamwita Nikodemo.

Hapo ndipo Twaha alipoinuka, akamvuta Sharifu kutoka juu ya kiti, akamshika shingoni. Hakumpiga. Alimshika tu, anauliza, "Kwa nini? Kwa nini hukuniambia nilipokataa lori?" Na watu badala ya kuwaachanisha wakapiga kelele za furaha: "Kakasirika! Kuku! Kuku!"

Mimi nilisema. Nilisema kwa sauti kwamba huu si utani, huu ni unyama. Mzee Bakari, aliyekuwa mlangoni, akanigeukia bila hasira. "Mama Klara, utani wa watu hauingiliwi." Kisha akamwambia Twaha, kwa upole kabisa, kama anamsaidia, "Mwanangu, ungecheka yangeisha. Sasa leta kuku yaishe." Twaha akamwachia Sharifu. Akatoka, na watu wakampisha njia huku wakimpigapiga mgongoni, kwani kwao hakuna lililoharibika.

Kazi ya lori ilikuwa imeshachukuliwa. Video ilizunguka kila simu kuanzia hapa hadi Bungu. Watoto wakimwona Twaha barabarani walisema "Washa!" na wenzao wakajibu "Zima!" Akaacha kutoka nyumbani.

Siku ya soko iliyofuata Rahma alikuja na jogoo kwapani, jogoo mzuri, si wa kutoa faini. Twaha alikuwa nyuma yake, kofia imefunika macho. Chumba cha Sharifu kilikuwa na watu, kwa kuwa siku za soko hujaa. Nilisogea mlangoni.

"Shikamoo, shangazi," Sharifu alisema, akasimama kwa adabu zake zote.

"Marahaba, mwanangu. Kuku wenu huyu."

Sharifu akampokea jogoo kwa mikono miwili. Watu wakapiga makofi kidogo, mambo yameisha. Lakini Rahma hakuondoka. Alibaki amesimama, anakunja na kukunjua ncha ya kanga.

"Haya, sasa mrudishie," alisema.

"Nimrudishie nini, shangazi?"

"Kile mlichomzimia. Kaka kasema tukileta kuku mambo yanarudi yalivyokuwa. Kuku si umempokea?"

Sharifu alitazama huku na huku akitafuta wa kucheka naye. Hakumpata. "Shangazi, siyo hivyo. Ile kitu ni..."

"Mimi sijui ni kitu gani. Najua mwanangu alikuwa nacho, akawa mtu, mkakizima. Mwashie."

"Mama, twende nyumbani," Twaha alisema. "Nakuomba, mama. Twende."

"Twende wapi, na mimi sijakuona? Stendi nzima imekuona ukicheza, mimi sijakuona hata siku moja. Kaa, mwanangu."

Twaha alimgeukia mama yake. Nilidhani atamweleza. Angeanzia wapi? Angemwambia kwamba kile alichojivunia hakikuwahi kuwepo, kwamba amebeba jogoo wake bora kuja kununua uongo? Alivua kofia, akaenda kwenye kompyuta ya pembeni, akakaa. Sharifu, jogoo kwapani, akainama mezani pake akabonyeza kwa kidole kimoja.

Adui wa kwanza akatokea. Alama ikaruka, ikatua kichwani, akaanguka. Wa pili hivyohivyo. Wa tatu. Hakuna aliyecheka. Wale vijana wote, wenye midomo yao, walikuwa wanaangalia sakafu, na kitu pekee kilichosikika kilikuwa mlio wa bunduki za kwenye gemu na jogoo akihangaika kwapani.

Rahma akapiga makofi. Peke yake, kwa nguvu, machozi yanamtoka. "Mnaona? Si nilisema? Mnaona mwanangu!" Akamgeukia Sharifu, akaushika mkono wake na kumshukuru kwa Kishambaa, kutoka moyoni, "Hongea, mwanangu. Hongea."

Twaha hakugeuka. Mama yake alivuta kiti akakaa nyuma yake, naye akaendelea kuwapiga mmoja baada ya mwingine, mpaka mama aliposema amemwona vya kutosha.