Mahali ya Damari

Kaka yangu Bonifasi hajawahi kumwachia mtu firigisi ya kuku. Kwa hiyo binti yake Damari alipotuletea mchumba kutoka Papua Nyugini hapa Iguguno, nilijua siku itakuwa ndefu.

Kijana anaitwa Tau. Walisoma pamoja Dodoma, Kiswahili anakijua, na shikamoo alizitoa vizuri. Hakuwa na ndugu wa kumfanya mshenga, basi tulipokaa kula ugali kwa mlenda na mchuzi wa kuku, akajisemea mwenyewe.

"Mzee, nimekuja kumposa Damali."

"Sawa," akajibu Bonifasi. "Tuanze na mahali. Mahali iko wapi?"

Alimaanisha mahari, ng'ombe. Sisi Wanyiramba tunachanganya la na ra tangu tumboni, nami nimo. Tau akadhani anaulizwa kwao ni wapi.

"Mbali sana, mzee. Ng'ambo ya bahali. Kufika ni shida."

Bonifasi akasukuma bakuli la mlenda. "Mahali iko ng'ambo ya bahali, halafu anataka mke! Aende zake!"

Damari akaangua kilio, na moyo ukaniuma, maana nimemlea mimi. Lakini mtoto ana akili. Hakuthubutu kusema aliyekosea ni nani.

"Baba, hamjaelewana. Lugha ya kwao ni ndogo, ya vijiji vichache tu. La na ra kwao ni sauti moja. Mahali na mahari hawezi kuzitofautisha."

Bonifasi akashangaa kwelikweli. "Watu wazima hawajui kutofautisha la na la?"

Nikauma kanga nisicheke.

"Mfundishe basi, baba."

Akasogeza kigoda mpaka magoti yao yakagusana. "Tazama mdomo wangu. Kuna mahali, unapokaa. Na kuna mahali, ya ng'ombe. Umesikia?"

Tau akakuna kichwa. "Zinafanana, mzee."

"Hazifanani! Ludia. Mahali."

"Mahali."

"Mahali!"

"Mahali."

Bonifasi akanigeukia, uso umemlegea. "Feblonia, huyu anatamka kama malehemu mama."

"Kabisa," nikasema, na kwa kweli machozi yalinilenga.

Akachovya mkono kwenye mchuzi, akatafuta, akamwekea mgeni firigisi. Tau akaipokea kwa mikono miwili.

"Asante kwa filigisi, baba."

Kaka akatutazama wote kwa fahari. "Mmesikia? Ameshaanza kupatia."