Malka Isiyo na Ng'ombe

Wiki nzima Mzee Dadacha, mfugaji wa kando ya Mto Tana, hakupata usingizi wa maana, na chanzo kilikuwa karatasi. Ilikuwa Mei 1998. Mafuriko yamepita, nyasi zimejaa bara, na ng'ombe wote walikuwa huko mbali wakizifaidi. Ndipo Bwana Mizuno, Mjapani aliyetumwa kupima mto huo kwa ajili ya mradi wa mpunga, akafika kijijini Minjila. Alichora kila kitu: migomba, kivuko, pampu. Lakini malka, ile njia pana ya ng'ombe kupita kati ya mashamba kwenda kunywa mtoni, hakuichora. Aliona majani matupu, basi akayaunganisha mashamba mawili kwa mstari mmoja.

Dadacha hakusoma, ila mstari ule aliuelewa vizuri sana. Kiangazi kikirudi na malka imelimwa, ng'ombe wake watakufa kwa kiu huku mto wanauona. Siku mbili alimweleza mgeni, na siku zote mbili akajibiwa kwa adabu kwamba yeye huchora anachokiona. Adabu ile ndiyo iliyomkera. Mkorofi unagombana naye, lakini mtu anayekuinamia utamfanya nini?

Siku ya tatu akabadili mbinu. Alimkaribisha chai ya maziwa, akamwomba amsimulie mto wa kwao.

Mizuno, ambaye Kiswahili chake kilikuwa cha darasani na cha mzee cha kuokoteza sokoni, alichangamka ghafla. Akashika kijiti, akachora ardhini mlima wenye theluji, na mto mfupi wenye haraka ukiporomoka juu ya mawe hadi baharini. Juu kabisa akaweka mitambo ya umeme, chini yake vinu vya zamani vya kukoboa mpunga, kisha mashamba yaliyopangwa ngazi ngazi, kila kijiji na zamu yake ya maji. Dadacha akauliza ni ng'ombe wangapi hunywa hapo. Hakuna hata mmoja, akajibiwa, naye akauhurumia mto ule kwa dhati.

Mwisho Mizuno akaweka jiwe penye kona. Hapo, alisema, wakati wa joto yeye na babake huvua samaki mdogo anayenukia tango. Baridi ikiingia, hapana mtu. Sauti yake ililainika alipopataja mahali hapo.

"Na baridi ikija," Dadacha akauliza, "hiyo mahali wewe nafuta kwa karatasi?"

Mizuno alilitazama lile jiwe, kisha akayatazama majani ya malka. Akaikunjua ramani yake, akafuta mstari.

"Upana wake ni kiasi gani, mzee?"

"Ng'ombe ishirini, bega kwa bega. Wenye kiu."

Akaandika vivyo hivyo. Dadacha alijisikia mwepesi. Akakiokota kijiti, akainama juu ya mto wa Japani, na pale chini penye tambarare akaukatia njia pana, nzuri, hadi majini.

"Yako pia nachora," alisema. "Siku moja nyinyi tapata ng'ombe."